Madaftari Tisa ya Mchezo Mmoja

Jumamosi, 2 Machi

Nimefika na mvua imefika. Mjomba alinipokea sebuleni, mguu mmoja juu ya stuli, anakata kucha, na kucha zenyewe zinadondokea kwenye ubao wa sataranji. Ni ubao ule ule ulio kwenye picha ukutani, ile ambayo yeye amevaa suti na kushika kidevu utadhani dunia nzima inasubiri aamue. Alizipuliza zikaenda chini ya kochi, kisha akanipa mkono. "Karibu, mwandishi wangu," alisema. Nilienda kunawa.

Kazi yenyewe ni hii. Klabu yao ya sataranji inatimiza miaka hamsini mwezi wa tano, na katibu anataka kitabu cha maisha ya mabingwa wake. Mabingwa ni wanne. Watatu wamekufa na wamepewa kurasa kumi kumi. Mjomba yu hai, kwa hiyo amejitengea kurasa mia moja na hamsini. Mimi riziki yangu ni kuhariri vitabu vya shule. Nimechukua likizo ya wiki sita na nimekubali kuandika kwa kuwa Mjomba nilimpenda tangu utotoni. Bingwa wa nchi mara saba! Shuleni nilijigamba naye mpaka wenzangu wakanichoka.

Mama naye anaishi humu humu tangu baba alipotukimbia, nikiwa na miaka minne. Ni mdogo wake Mjomba kwa miaka mitatu. Ameniuliza kama bado nakohoa, amenipakulia chakula, amerudi zake jikoni.

Jumapili, 3 Machi

Mvua kutwa. Meno ya bandia ya Mjomba yanalala kwenye moja ya glasi tunazonywea maji. Sijui ni ipi.

Jumanne, 5 Machi

Tumeanza. Mjomba anasimulia, mimi naandika. Akitaka chai haiti mtu. Anagonga kisahani kwa kijiko mara mbili, na Mama anatokea. Sauti hiyo nilikuwa nimeisahau. Nikiwa mdogo nilidhani duniani kote chai huagizwa hivyo.

Leo kanisimulia jinsi alivyomshinda mwalimu mkuu akiwa na miaka tisa. Nikamuuliza nani alimfundisha.

"Hakuna. Nilizaliwa nayo."

"Baba alitufundisha," Mama akasema kutoka jikoni.

"Alinifundisha mimi. Wewe ulikuwa unaangalia."

"Nilikuwa naangalia," Mama akakubali.

Kisha tukafika kwenye habari ya bahasha, ambayo Mjomba anaisimulia vizuri sana, lazima nimpe haki yake. Zamani mchezo ukichukua zaidi ya masaa matano ulisimamishwa, ukaendelea kesho yake alasiri. Sasa, mchezaji mwenye zamu akicheza hatua yake kabla ya kwenda nyumbani, mwenzake atapata muda wote huo wa kuitafutia jibu. Ndiyo maana hatua hiyo haikuchezwa ubaoni. Mwenye zamu aliiandika kwa siri kwenye kikaratasi, akakitia ndani ya bahasha, mwamuzi akaigundisha na kuondoka nayo. Kesho yake bahasha inafunguliwa mbele ya watu wote na hatua inachezwa kama ilivyoandikwa. Huwezi kubadili. Ukiandika upuuzi, umelala na upuuzi wako.

"Hapo ndipo mwanaume anapojulikana," Mjomba alisema, huku mkate uliolowa chai ukimtoka pembeni mwa mdomo. Aliurudisha kwa kidole.

Ijumaa, 8 Machi

Dari linavuja juu ya kabati la vikombe. Mama ameweka ndoo. Mjomba ameiita ndoo "fedheha" na hakuinuka kuisogeza. Mashati yake manane yanakauka sebuleni kwa sababu nje hakukauki, na sebule nzima inanuka kwapa na sabuni.

Jumatano, 13 Machi

Nimekwama kwenye mchezo wake maarufu kuliko yote, ule uliompa ubingwa wa tatu. Watu wa klabu bado wanausimulia. Mchezo ulisimamishwa akiwa anazidiwa, kesho yake akarudi na kumpeleka farasi pembeni kabisa mwa ubao, mahali ambapo hakuna mtu mwenye akili angempeleka, na hatua kumi baadaye mpinzani akaangusha mfalme wake chini kukubali ameshindwa. Nilimuuliza Mjomba alifikiria nini.

"Nilikuwa naoga. Ikanijia tu."

"Lakini kwa nini farasi aende pale?"

"Kipaji hakielezeki, mwanangu," alisema, akachokoa jino kwa njiti ya kiberiti, akaitazama njiti, akairudisha ndani ya kisanduku pamoja na njiti nyingine.

Mama alikuwa anafuta meza. Hakuinua uso. "Ngome ya yule bwana haikuwa na pa kurudia," alisema. "Farasi akifika pale, ngome imeshakufa, ila yenyewe haijui."

Mjomba alicheka mpaka akakohoa. "Unaona? Katika nyumba hii hata kuta zimejifunza."

Mama aliendelea kufuta mahali ambapo palikuwa pameshatakata. Nikaitazama ile meza, nikamtazama yeye. Nina miaka thelathini na tatu na sikuwahi kumsikia Mama akisema jambo kuhusu sataranji lenye zaidi ya maneno matatu.

Alhamisi, 14 Machi

Nimeamka alfajiri kwa kelele za mvua kwenye bati, nikaona taa ya jikoni inawaka. Mama alikuwa mezani. Kando yake kulikuwa na vitunguu na kopo la unga, na mbele yake ubao mdogo wa sataranji wa kukunja, wenye kete chache zilizosimama. Alikuwa anaandika kwenye daftari la shule la mistari. Hakushtuka. Alinisogezea kiti kwa mguu.

"Mama, unafanya nini?"

"Kazi yangu ya asubuhi."

"Hii ndiyo uliyokuwa unaifanya nilipokuwa mdogo? Nilidhani unaandika matumizi."

"Matumizi gani yanajaza madaftari?"

Akanieleza huku anapeta mchele, bila kujikweza hata kidogo, na nadhani ndicho kilichoniudhi zaidi. Kila mchezo wa Mjomba uliosimamishwa ulikuja nyumbani. Jioni alimpangia Mama kete zilivyokuwa, akamwambia alichoandika kwenye bahasha, akaenda kulala. Mama aliamka alfajiri, akafanya kazi mpaka saa sita mchana, akampa karatasi: akicheza hivi, jibu hivi; akicheza vile, jibu vile. Mjomba aliikariri anakula, akavaa suti, akaenda kushinda. Yule farasi wa pembeni alikuwa wa Mama.

"Na kwa nini hukucheza mwenyewe?"

"Klabu haikuchukua wanawake."

"Baadaye ilichukua."

"Nilijaribu mara moja. Sikuweza. Unakaa na mtu masaa manne, anakupumulia. Anachokonoa pua, halafu anashika farasi wako. Mimi napenda kete, watu siwapendi sana." Akacheka kidogo. Katika hilo mimi ni mwanawe kabisa.

Nikauliza sasa anamfanyia nani kazi, maana Mjomba hajacheza shindano lolote tangu nikiwa na miaka saba. Mama akaacha kupeta.

"Huu ni ule wa Kombe la Kanda," alisema.

Ule naujua. Kila mtu anaujua, ila nyumbani hautajwi. Mgeni kutoka nje alikuja kucheza na Mjomba katika ukumbi wa klabu. Mjomba angeshinda angekuwa bingwa wa kanda nzima, wa kwanza kutoka nchini. Mchezo wa mwisho ulisimamishwa, na kesho yake Mjomba akashindwa. Hakushindana tena maishani.

"Alirudi jioni ile akaniambia, 'Kwenye bahasha nimemrudisha mfalme nyuma hatua moja.' Nikasema vizuri, hata mimi ningeandika hiyo hiyo. Nikafanya kazi asubuhi nzima, nikampa karatasi mbili. Akaenda. Alirudi amechana kila kitu. Akasema, 'Nimefuata ulichoandika, hatua kwa hatua. Umenimaliza.' Mwezi mzima hakunisemesha."

"Mchezo wenyewe uliuona?"

"Ningeuona wapi? Karatasi yake aliichana. Gazeti liliandika matokeo tu. Na mimi ningemuuliza nani pale klabuni?"

"Kwa hiyo hapa unafanya nini?"

"Natafuta nilipokosea," alisema.

Alifungua kabati la chini, penye masufuria. Madaftari manane yalikuwa yamepangwa humo, la tisa liko mezani. Miaka ishirini na sita. Yote yanahusu asubuhi ile moja.

Ijumaa, 15 Machi

Nimemwandikia Mjomba kurasa nne kwa imla. Amekula ndizi tatu akisema. Maganda kaniwekea juu ya karatasi.

Jumanne, 19 Machi

Nataka kumwonea Mama huruma na ninashindwa, nimebaki na hasira. Leo kisahani kimegongwa mara sita, nikahesabu, na mara sita amekwenda. Nilimwambia asiende. Akasema, "Yule nilimpotezea kombe. Chai ni nini?" Anaamini hivyo kabisa. Amelipika deni hilo, amelifua na kulipiga pasi tangu nikiwa darasa la kwanza, na mimi nimekua ndani yake nikidhani ni upendo wa kaka na dada.

Jumatano, 27 Machi

Mvua wiki nzima, ukuta wa chumbani kwangu umeota ukungu wa kijani. Nimekaa siku tatu kwenye makabati ya klabu, na karani amenikopesha karatasi za michezo yote ya ubingwa ya Mjomba. Nimeipanga mafungu mawili kwa udadisi tu. Michezo aliyoshinda baada ya kusimamishwa na kurudi nyumbani ni thelathini na moja. Aliyoshinda siku hiyo hiyo, akiwa peke yake na kichwa chake, dhidi ya mtu wa maana, ni miwili. Katika mmoja wa hiyo miwili mpinzani alikuwa na homa.

Maisha ya bingwa. Nimeyasoma yote kwenye meza ya karani, koti likinichuruzika maji. Nilipofika nyumbani ananisubiri na sura mpya: "Upweke wa Mfalme." Anataka ianze na maneno "Nilipambana peke yangu." Nimeyaandika. Nimeyaandika kwa mwandiko mzuri, mjinga mimi.

Jumatatu, 1 Aprili

Karatasi ya mchezo wa Kombe la Kanda haipo klabuni. Karani anasema mwamuzi wa mchezo ule alikuwa anakwenda na karatasi zake kwake.

Alhamisi, 4 Aprili

Mwamuzi anaishi juu ya duka la vipuri, ghorofa ya tatu. Ni mzee mkavu, msafi kuliko watu wote niliokutana nao tangu mwezi uliopita. Alinipa taulo nijifute kabla hajanisalimia vizuri, nikampenda papo hapo. Kila mchezo aliousimamia ameutia ndani ya faili lenye tarehe. La Kombe la Kanda alilipata bila hata kuvaa miwani.

"Mchezo wa kusikitisha," alisema. "Mjomba wako angeandika chochote kingine angepona. Bahasha ilipofunguliwa ukumbi mzima uliguna. Hata mfagiaji aliguna, na yeye alikuwa hajui kucheza."

"Kwani aliandika nini?"

"Ngome inakula askari."

Nilimwomba arudie. Akarudia. Nikamwambia haiwezekani, bahasha ilikuwa na mfalme anayerudi nyuma hatua moja. Mzee akanitazama kama mtoto aliyejibu vibaya, akafungua faili. Bahasha imebanwa kwa pini yenye kutu kwenye karatasi ya mchezo. Ndani yake mna kikaratasi, na kwenye kikaratasi mna mwandiko wa Mjomba, ule wa kulalia kushoto ambao nimekuwa nao mezani kwa mwezi mzima. Ngome inakula askari. Sahihi yake chini.

Mjomba alikiona kile kiaskari kimesimama peke yake akashindwa kujizuia. Akakila. Ngome ikanaswa, na baada ya hatua kumi na moja mchezo ukaisha. Karatasi mbili za Mama hazikuchezwa hata hatua moja. Zisingeweza kuchezwa, kwa sababu zilihusu mchezo ambao haukuwepo.

Nilimuuliza mwamuzi kama kuna mtu yeyote aliyewahi kumwambia Mama.

"Mama yako?" alisema. Alishangaa kweli, hakuwa na ubaya wowote. "Mama yako naye anajua sataranji?"

Amenipa kikaratasi baada ya mimi kutia sahihi kwenye daftari lake. Nimerudi kwa miguu kwenye mvua. Nilikuwa sitaki kufika.

Ijumaa, 5 Aprili

Nimekaa na Mjomba meza moja nikamtazama anavyonyonya mifupa. Sikula.

Jumamosi, 6 Aprili

Nimemwonyesha Mjomba. Mama alikuwa amekwenda sokoni. Alikitazama kikaratasi bila kukigusa, na sura yake ikawa ya kizee ghafla.

"Umekitoa wapi?"

"Unajua kwamba bado anatafuta alipokosea? Kila alfajiri?"

"Najua. Nasikia mlango wa kabati."

Nilidhani nimejiandaa kwa jibu lolote, lakini hilo sikulitegemea. Anasikia mlango wa kabati. Miaka ishirini na sita amelala kitandani na blanketi lake, anasikiliza mdogo wake anatoa daftari kutafuta kosa ambalo yeye peke yake anajua halipo, halafu anageukia upande wa pili mpaka chai iwe tayari.

"Nimekupa mpaka Ijumaa," nilimwambia. Sikuwahi kuongea naye hivyo. "Mwambie wewe, au nitamwambia mimi."

"Mwanangu, hayo ni mambo ya zamani. Mama yako ameshazoea."

Jumanne, 9 Aprili

Amemnunulia Mama ndala mpya. Ndogo kwa namba mbili. Kwenye chakula ameusifia mchuzi, na Mama akaniangalia mimi kuuliza kama kaka yake anaumwa.

Ijumaa, 12 Aprili

"Baada ya sherehe ya klabu," amesema Mjomba. Anatafuna huku anasema. "Wageni wakishaondoka, nitakaa naye."

Jumamosi, 13 Aprili

Naandika nikiwa kwenye chumba changu cha kupanga. Nitajaribu kuiandika kama ilivyokuwa.

Alfajiri nilikwenda jikoni. Mama alikuwa kwenye daftari la tisa, amebakiza kurasa chache. Nilikuwa nimepanga maneno usiku, yote yakanitoka. Niliweka kikaratasi mbele yake nikasema, "Hiki ndicho kilichokuwa ndani ya bahasha."

Alikisoma. Akakigeuza nyuma, akakigeuza tena mbele. "Huu ni mwandiko wake," alisema.

Kisha akapanga kete, haraka, bila kuangalia daftari. Akaichukua ngome kwa vidole viwili, akala askari, akaweka mikono mapajani. Alitazama kwa muda ambao mtu anahitaji kufunga kiatu.

"Hii ni njaa tu," alisema. "Hata mtoto haichezi hii."

"Hukukosea popote, Mama."

"Naona."

Nilitegemea alie, nilikuwa hata nimeshika leso. Badala yake aliyavuta madaftari yote manane kutoka kabatini, akayaweka juu ya la tisa, akayanyoosha pembe zikalingana. "Sasa asubuhi nitakuwa nafanya nini?" aliuliza. Alikuwa anauliza kweli. Hapo ndipo nilipojichukia na mimi, maana swali hilo sikuwa nimelifikiria kabisa. Nilifikiria kumwonyesha Mjomba ubaya wake tu.

Mjomba aliingia na fulana, nywele zimesimama, bila meno. Bila shaka alisikia kabati. Akaona kikaratasi, akaona ubao, akashika fremu ya mlango.

"Nilikuwa na nia ya kukwambia," alisema.

"Lini, kaka?"

"Nilijua mara tu mwamuzi alipoigundisha bahasha. Njia nzima nilikuwa najua. Nikafika, ukaniuliza nimeandika nini. Nikakutajia ile ambayo wewe ungeandika." "Mgeni sikumwogopa. Wewe nilikuogopa. Ungenitazama vile unavyonitazama."

Karibu nimwonee huruma. Naandika hivyo kwa sababu ndivyo ilivyokuwa.

"Ungeniambia ukweli ningekutafutia njia," Mama alisema. "Nilikuwa na asubuhi nzima. Ungekuwa mjinga kwa jioni moja tu, basi."

Mjomba akakaa. Nilidhani anakaa ili aombe msamaha. Watu wengi wangedhani hivyo. Alivuta kiti mpaka tumbo likagusa meza, akaifuta mikono kwenye fulana, akainamia ubao. Pumzi yake ilikuwa inanifikia nilipo. Nikaona macho yake yakienda kutoka kete hadi kete, na ndipo nikaelewa kwamba mtu huyu naye amekaa na swali miaka yote hiyo, na kwamba mtu pekee duniani ambaye angeweza kumjibu ndiye yule aliyekuwa hawezi kumuuliza.

"Ilikuwepo?" alisema.

"Nini?"

"Njia. Baada ya ngome kula. Mgeni akaja na malkia hapa." Akasogeza malkia kwa kidole chenye ute wa usingizi. "Hapa zamu yangu. Kulikuwa na njia?"

Dada yake ameyatoa maisha yake kwenye kabati la masufuria na kuyaweka mezani, na yeye anauliza habari ya malkia.

Mama alitazama ubao. Nilikuwa namtazama yeye. Macho yalitembea mara moja, yakaenda kona ya kushoto, yakasimama, yakarudi. Sasa naijua sura ile. Nimekaa nayo wiki sita.

"Sijui," alisema. "Tafuta."

Akaosha mikono, akaenda chumbani kukusanya nguo zake. Ndala mpya aliziacha, na madaftari aliyaacha. Nilimsaidia kufunga begi. Tulipopita jikoni tukitoka, Mjomba hakuinua kichwa. Alikuwa ameshafungua kurasa nyeupe za mwisho za daftari la tisa, na alikuwa anaandika.

Jumapili, 14 Aprili

Mvua imepungua. Mama amelala mpaka saa mbili asubuhi, kisha akakaa kitandani bila kujua ashike nini. Nimempa kurasa za kitabu ahakiki michezo. Kakuta makosa kumi na tisa kabla ya chakula cha mchana, na amechangamka. Sura ya "Upweke wa Mfalme" nimeichana. Mjomba sasa ana kurasa kumi kama marehemu wenzake, na mabingwa ni watano. Mama amekubali jina lake liingie kwa sharti kwamba nisiweke picha. Katibu akikataa nitakichapisha mwenyewe.

Mjomba amepiga simu mara nne. Hajauliza Mama amelala wapi, wala kama amekula. Mara ya kwanza ameuliza kama ni mfalme anayesogea. Mara ya pili, kama ni askari wa kulia. Mara mbili za mwisho amesema tu, "Mwambie anipe hata dokezo." Kila mara Mama ametikisa kichwa na kuendelea kusahihisha.

Jioni nilimuuliza kama ni kweli hajui.

"Farasi anarudi alikotoka," alisema, hata kalamu hakuiweka chini. "Baada ya hapo mgeni hawezi kitu. Hatua sita, sare."

"Utamwambia lini?"

"Mimi nimetafuta miaka ishirini na sita," alisema Mama. "Yeye ameanza jana."

Mjomba ana miaka sabini na moja.